Mwarabu wa Kyela na Bibi Asiye na Jina

Ninyi vijana mnaojifunza ushonaji mnapenda kuanza na suti, kwa sababu suti inampa fundi sifa. Ningekuwa mimi mwalimu wenu ningewaanzisha na kanzu. Suti ina kola, bitana, mifuko na vifungo. Ukikosea mahali, kitu kingine kinakusitiri. Kanzu iko wazi kutoka begani hadi kwenye kifundo cha mguu. Bega likipinda kidogo tu, nguo yote inavutwa upande, na aliyeivaa anaonekana kama mtu aliyelala vibaya.

Mimi naitwa Ambakisye, na najua baadhi yenu mnaniita Babu Kanzu. Nilishona Kyela mjini tangu ujana wangu hadi macho yalipokataa kuona tundu la sindano. Siku hizi niko Ipyana na mpunga wangu na miti michache ya kakao. Karibu miaka yote ya kazi nilikaa kwenye baraza la duka la Mzee Nassor, ambaye mji mzima ulimwita Mwarabu. Nataka niwaeleze habari zake, maana juzi niliwasikia mkibishana juu ya Waarabu, huyu akisema ni watu wa dini, yule akisema ni watu wa utumwa, na kila mmoja ana video yake kwenye simu. Nilinyamaza kwa sababu jambo lenyewe ni refu na ninyi mlikuwa na haraka.

Mzee Nassor hakuwa fundi. Sidhani kama aliwahi kushona hata kifungo. Lakini alijua kanzu inavyotakiwa kuanguka mwilini, na alikuwa na neno moja la kunifundishia: "Fumua." Nilimpelekea kanzu yangu ya kwanza nikiwa na furaha tele. Akaivaa, akanyanyua mikono kama anayeanza kusali, akainama, akainuka.

"Fumua," akasema.

Palikuwa pamebana kwapani. Akanieleza kwamba kanzu ni nguo ya kurukuu na kusujudu, kwa hiyo hapo chini ya mkono lazima uweke kikwapa, kile kipande kidogo cha pembe nne kinachoupa mkono nafasi. Siku hizi naona mnakiruka ili kuokoa kitambaa. Mteja hatawaambia kitu. Hatarudi tu.

Somo la pili alinipa mwalimu wa madrasa. Nilimkatia kanzu ya pamba bila kukilowesha kitambaa kwanza. Ilipofuliwa mara moja, ikapanda hadi katikati ya muundi. Nilipomwona anakuja barazani nikaanza kutafuta maneno ya kumwomba radhi. Akainama karibu na sikio langu.

"Fundi," akasema, "wenzangu wananisifu kwamba nafuata sunna ya kutoburuza nguo. Tafadhali usiwaambie kwamba ni maji."

Tangu siku hiyo pamba naiacha ndani ya maji, naianika kivulini, naipiga pasi, ndipo nashika mkasi. Wateja wenye roho kama ya yule mwalimu si wengi.

Pale barazani nilijifunza kuwasoma watu kwa kanzu zao. Ya Kiomani haina kola, na shingoni inaning'inia kishada ambacho wenyewe hukitia manukato. Ya Kisaudi ina kola kama ya shati. Watu wa Hadhramaut, kule Yemeni, wengi walipenda kikoi na shati, na koti juu yake. Ya pwani yetu ina darizi shingoni hadi kifuani. Nikadhani nikishajua hayo basi nimewajua Waarabu. Wateja wenyewe ndio walionivuruga.

Alikuwapo mfanyabiashara mmoja Myao, mtu wa Karonga upande wa Malawi, aliyevuka mpaka kuja kununua mchele wetu. Mweusi kama mimi, na Uislamu kwao ulianzia kwa babu zake. Alivaa kanzu na kofia hata kwenye matope. Akipita vijijini watoto walimfuata nyuma wakiimba, "Mwarabu, Mwarabu." Akifika kwangu kuagiza kanzu nyingine alikuwa akicheka. "Kumbe Uarabu unauzwa kwa yadi," alisema. "Nikatie yadi nne."

Halafu akaja mhandisi wa barabara kutoka Lebanoni. Suruali yake ilikuwa imechanwa na msumari. Mzee Nassor aliposikia kuna Mwarabu barazani kwake, aliingia ndani akabadili kanzu, akatoka na salamu ndefu ya Kiarabu. Yule mgeni akafurahi, akaanza kuzungumza, na Kiarabu kikamtoka kama bomba lililoachwa wazi. Mzee Nassor akatabasamu, akatikisa kichwa. Akaendelea kutikisa kichwa. Mwisho akanigeukia na macho ya mtu aliyepotea njia. Kiarabu alichokijua kilikuwa cha Kurani na dua; cha kuulizana habari za nyumbani hakuwa nacho.

Mgeni alipoelewa, akahamia kwenye Kiswahili chake cha kuokoteza. Akauliza, kanisa liko wapi, maana kesho yake ilikuwa Jumapili.

Mzee Nassor akakaa kwenye gunia la chumvi. "Wewe Mkristo?"

"Mkristo. Baba, babu, wote."

"Na ni Mwarabu?"

"Mwarabu kabisa," yule bwana akasema, naye akishangaa kuulizwa. Akatueleza kwamba kwao Ukristo ulikuwapo kabla ya Uislamu, na kanisani kwao wanasali kwa Kiarabu, na Mungu wanamwita Allah.

Alipoondoka na suruali yake, Mzee Nassor alikuwa bado kwenye gunia lake. "Umeona, fundi?" akasema. "Yeye ana lugha, mimi nina dini. Tukiunganishwa anapatikana Mwarabu mmoja."

Hapo ndipo aliponieleza yale aliyoyasoma na kuyasikia kwa wazee wake. Kwamba zamani Waarabu walikuwa makabila yaliyotawanyika, kila moja likijisifu kwa mababu zake na kupigania visima vyake. Uislamu ulipokuja, Kurani ilishuka kwa lugha yao, ikawapa kitu cha kushika pamoja. Dini ikasafiri, na lugha ikasafiri nayo, hadi Misri, Shamu kule Siria, Sudani na nchi za Maghribi kama Moroko. Watu wa huko hawakuwa Waarabu kwa damu. Wengine walisilimu, wengine walibaki Wakristo kama yule mhandisi, lakini polepole wote wakaanza kusema Kiarabu, wakaoana, na wajukuu zao wakawa Waarabu.

"Sisi tuliokuja huku ilitokea kinyume," akasema. "Tulishika dini na majina. Kiarabu tukakiacha kwenye msala. Nyumbani tukasema Kiswahili, na sokoni Kinyakyusa."

"Sasa wewe Uarabu wako uko wapi, Mzee?"

"Kwa baba." Akanyoosha mgongo. "Nassor bin Seif bin Hamed bin Said," akaanza, akaendelea kupanda hadi kwenye kijiji fulani cha Omani ambacho hajawahi kukiona. Orodha hiyo ya mababu ndiyo nasaba, na aliweza kuisoma huku akipima sukari bila kumwaga hata punje. Nilimuuliza, "Na mama zao?" Akanijibu kwamba nasaba haifuati huko, akamhudumia mteja.

Mwanawe aliitwa Seif, jina la babu yake. Alipokuwa kijana mkubwa ndugu wa Maskati walimwita akafanye kazi kwao, akaenda. Nilitegemea atarudi na majivuno. Alirudi amepoa. Alileta kanzu ya kule ili nimshonee nyingine mfano wake, na nilipokuwa nampima kifua akaanza kunieleza bila kuulizwa.

"Fundi, kule wanakuuliza kabila kabla ya kukuuliza hali."

"Ukawajibu?"

"Niliwasomea majina yote kama Mzee alivyonifundisha. Wakasikiliza, kisha wakatazama nywele zangu. Wakasema, ah, Zinjibari. Nikawaambia Zanzibar sijawahi kufika, kwetu ni Kyela. Wakasema ni palepale."

"Walikutesa?"

"Hapana. Walinikaribisha vizuri, walinilisha vizuri. Ila hapa mimi ni Mwarabu, kule mimi ni Mwafrika. Kwenye ndege tu ndipo nilikuwa Seif."

Alikuwa amerudi kwa sababu moja nyingine, nayo ilikuwa Atupele, muuguzi, binti wa kijiji cha Ngana, ambaye walisoma pamoja. Walitaka kuoana. Mngedhani dini ndiyo ingewakwamisha, lakini hilo walilimaliza wenyewe. Atupele alisema ataendelea na kanisa lake. Mzee Nassor akasema dini yake inamruhusu mwanamume kuoa mwanamke wa watu wa Kitabu, na asiyejua hilo akasome. Baba yake Atupele, mzee wa kanisa, alinung'unika wiki kadhaa, kisha akasema kijana anaheshimu watu, basi. Kizuizi kilitoka kwa mama yake huyo mzee wa kanisa, Bibi Tupokigwe, aliyemlea Atupele tangu alipoachishwa ziwa. Yeye alisema neno moja tu: kwa Waarabu, hapana. Na katika nyumba ile hakuna aliyethubutu kupokea hata posa bila yeye.

Mzee Nassor akaniomba niwe mshenga. Njiani kwenda Ngana alinieleza yote aliyokusudia kusema. Kwamba biashara ya watumwa haikuwa ya Waarabu peke yao. Walikuwamo Waswahili, walikuwamo machifu waliouza jirani zao, walikuwamo Wazungu walionunua. Na dini yenyewe imeweka thawabu kubwa kwa anayemwacha mtumwa huru. Yalikuwa maneno ya kweli, na aliyapanga vizuri.

Tulimkuta bibi kwenye mkeka, anapepeta mchele. Nikapiga magoti kidogo. "Ugonile, juba," nikamsalimu, maana mtu wa umri wake kwetu tunamwita mama.

"Ndaga," akajibu. Alikuwa akiitazama kanzu ya Mzee Nassor.

Mzee Nassor alizaliwa Mwaya, ziwani, na Kinyakyusa kilimtoka bila kukwama, kwa hiyo sikuwa na kazi ya kutafsiri. Nilikaa pembeni na yule mzee wa kanisa.

"Unajua kwa nini naitwa Tupokigwe?" bibi akamuuliza.

"Maana yake tumeokolewa."

"Mchungaji anadhani ni wokovu wa kanisani." Akaweka ungo chini. "Mama yangu alipokuwa msichana mdogo walikuja watu wenye bunduki. Alijificha kwenye matete ya mto Songwe, maji yakimfika hapa. Waliovaa kama wewe wakapita karibu naye. Dada yake alichelewa kujificha, wakamchukua. Mama alipokua na kunizaa mimi, akaniita hivyo. Sasa unataka mjukuu wangu aje kwenu kwa miguu yake mwenyewe."

Mzee Nassor akasafisha koo. "Bibi, biashara ile ilikuwa na watu wengi. Walikuwapo hata..."

"Sikukuuliza habari za wengine."

Mzee Nassor akavua kofia yake, akaiweka gotini, na kichwa chake cheupe kikabaki wazi mbele ya watu. Kwa mara ya kwanza niliona ni mzee.

"Bibi yangu mzaa baba alikuwa mmoja wao," akasema.

"Wa waliouza?"

"Wa waliouzwa."

Nilikuwa nimekaa barazani kwa mtu huyu miaka na miaka, nimekula naye, nimezika naye. Sikuwahi kusikia neno hilo.

Akaeleza polepole. Kwamba bibi yake alichukuliwa kutoka ziwa hili akiwa msichana, akapelekwa Kilwa, na huko bwana mmoja Mwarabu akamfanya suria, yaani mjakazi anayezaa na bwana wake. "Katika sheria yetu, mtoto wa suria, baba akimkubali, ni huru kama ndugu zake. Anarithi kama wao, anaitwa kwa jina la baba kama wao. Baba yangu alizaliwa Mwarabu kutoka tumboni mwa mama mtumwa. Yule mama hakuweza kuuzwa tena, na bwana alipofariki akawa huru. Alimwambia mwanawe kwamba kwao ni ziwani, mahali milima inapoingia majini, na wanawake wanafinyanga vyungu. Baba alipokuwa mkubwa akapanda huku na bidhaa zake, akakaa Mwaya. Watu walidhani amefuata biashara."

Bibi Tupokigwe akauliza, "Jina lake nani?"

"Walimwita Mabruka."

"Hilo ni la waliomnunua. Nakuuliza jina lake."

Mtu aliyeweza kuwasoma baba zake wote hadi Omani akaiinamia kofia yake gotini.

"Silijui," akasema.

"Unataka mjukuu wangu, na jina la bibi yako hulijui." Akachukua ungo wake. "Nenda ukalitafute."

Siku chache baadaye tukaenda Matema kwa gari, na kutoka hapo tukafuata ufukwe kwa miguu hadi Lyulilo. Ilikuwa siku ya soko. Mitumbwi ilikuwa imeegeshwa mchangani, watu wakishusha vyungu na samaki, na milima imesimama nyuma yao, imeingia majini kama Mabruka alivyomwambia mwanawe. Mzee Nassor alisimama akiitazama kwa muda mrefu. Alikuwa amefika pale mara nyingi kununua samaki.

Tuliulizauliza, tukaelekezwa kwa mama mmoja mzee sana wa kabila la Wakisi, mfinyanzi, aliyekuwa akipigapiga tumbo la chungu kibichi kwa kipande cha kibuyu. Mzee Nassor akamweleza shida yake yote bila kuficha. Yule mama hakuacha kazi.

"Baba yangu," akasema, "waliochukuliwa walikuwa wengi. Nikikupa jina, nitakupa la nani?"

"Lolote mnalolikumbuka."

"Hatuyakumbuki. Bibi zetu walikatazwa kuyataja. Ukitaja jina la aliyechukuliwa, mama yake alikuwa hali chakula. Kwa hiyo watu walinyamaza. Waliponyamaza sana, yakaisha."

Mzee Nassor akakaa chini kwenye udongo uleule mbichi, na kanzu yake nyeupe. Mimi, Mungu anisamehe, nikawaza sabuni gani itaondoa lile doa. Kazi haimwachi mtu. Alikaa pale akiitazama mikono ya yule mama hadi mdomo wa chungu ulipokamilika. Tulipoinuka akamshukuru, naye akamwambia, "Ukipita tena, karibu. Hapa ni kwenu, hata kama hatujui nyumba ipi."

Njiani kurudi alisema neno moja tu la maana. "Baba yangu alilijua. Mtu hakosi kujua jina la mama yake. Aliona haya kunirithisha."

"Alitaka uwe Mwarabu kamili, Mzee."

"Nimekuwa," akasema, akageuza uso kwenye kioo cha gari.

Nyumbani Seif alikuwa akitusubiri. Aliposikia, akashika kichwa. "Baba, taja jina lolote la Kikisi. Yule bibi ataenda kuuliza wapi?" Baba yake alimtazama, akamwambia kwamba bibi yake aliyeitwa Mabruka alishapewa jina la uongo mara moja, na mara moja inatosha. Atupele naye alikuwa ameshasema kwamba hataolewa kwa kutoroka, kwa sababu bibi yake hakumlea ili amtoroke. Kwa hiyo tuliporudi Ngana, mimi na Mzee tulijua kwamba huenda tunakwenda kukataliwa kabisa.

Safari hii alikuwa amevaa shati na suruali.

"Umelipata?" bibi akauliza kabla hata hatujakaa.

"Sikulipata. Niliowauliza wanasema majina hayo hayakuwa yakitajwa, na sasa hakuna anayeyajua."

Bibi Tupokigwe akatikisa kichwa taratibu, kama mtu anayekubali kipimo. "Ungeniletea jina, ningejua umelitunga. Mimi pia nilikatazwa kutaja." Akamwita mwanawe, yule mzee wa kanisa, akae karibu. Akamwita na Atupele atoke jikoni. Walipokaa akasema, "Dada yake mama, yule aliyechukuliwa, aliitwa Kisa. Mama alinitajia mara moja, alipokuwa anaumwa ugonjwa wake wa mwisho. Mimi sijawahi kumtajia mtu."

Yule mzee wa kanisa aliinua uso. Alikuwa na mvi kichwani, na alikuwa hajui kwamba bibi yake alikuwa na dada.

"Huyu Kisa ana jina, hana kaburi," bibi akamwambia Mzee Nassor. "Bibi yako ana kaburi huko Kilwa, hana jina. Chukua hili mpe."

"Ndaga fijo," Mzee Nassor akasema, asante sana kwa Kinyakyusa.

"Huyu akizaa msichana," bibi akamwonyesha Atupele, "ataitwa Kisa. Na ataambiwa kwa nini."

"Ataambiwa," Mzee Nassor akasema.

Nilishona kanzu ya harusi mwenyewe. Seif alibaki na ile ya Kiomani, isiyo na kola, na nilikisokota kile kishada kwa uzi wa hariri nilioutunza kwa kazi kama hiyo. Siku yenyewe Bibi Tupokigwe alimsogelea bwana harusi, akakishika, akauliza ni cha nini. Seif akamwambia ni cha kuwekea manukato. Bibi akakinusa mbele ya watu wote, akasema kwamba angalau kinanukia vizuri, na watu wakacheka kwa mara ya kwanza tangu asubuhi.

Mzee Nassor na Bibi Tupokigwe wote wametangulia mbele ya haki. Mzee Nassor alipofariki, watu wa Ngana walikuja na ndizi na mchele, wakakaa nje ya msikiti kimya hadi swala ilipokwisha, kisha wakabeba jeneza kwa kupokezana na wenzao. Duka sasa linauza simu. Kanzu zinakuja zimeshashonwa huko nje, zimefungwa kwenye nailoni, nyingi hazina kikwapa, na watu wanazinunua. Siwalaumu.

Kisa ni msichana mkubwa sasa. Mwaka huu ameenda Maskati kuwasalimia ndugu wa baba yake, na majuzi akanipigia simu kutoka huko. Alisema walimkaribisha kwenye nyumba yenye wanawake wengi, nao wakamuuliza kama walivyomuuliza baba yake zamani: wewe ni binti wa nani. Akawasomea majina, Seif, Nassor, Seif, Hamed, hadi kwenye kile kijiji. Wakaridhika, wakarudi kwenye kahawa yao.

Jikoni alikuwapo mama mmoja mzee, mzaliwa wa Unguja, anasema Kiswahili kizuri kuliko chetu. Kisa akaingia kumsaidia. Yule mama akamuuliza, "Hao baba zako nimewasikia. Na hilo Kisa ni jina la wapi? Si la huku."

"Ni la Ziwa Nyasa, mama. Kinyakyusa, maana yake huruma. Ni la bibi wa babu yangu, aliyechukuliwa kutoka huko."

Yule mama akaendelea kukoroga chungu chake. Kisha akasema kwa sauti ya chini, asisikike sebuleni, "Bibi yangu mimi walikuwa wakimwita Mnyasa. Miaka yote nimedhani ni jina tu."

Halafu akazima jiko, chakula kikiwa bado hakijaiva, akavuta viti viwili, akamwambia Kisa aanze tangu mwanzo.